Mwongozo Kamili: Kuwa Mhariri wa Filamu za Hali Halisi Ukiwa Lamu

Mzee mmoja wa Matondoni alikuwa akisimulia mbele ya kamera habari za nduguye, kijana aliyerudi kutoka baharini mikono mitupu siku ambayo vyombo vyote vingine vilirudi vimejaa. Akasema kwa Kiamu chake: "Walimteka, asirudi tena baharini." Filamu ilipotoka, maandishi ya chini ya picha yakasema kwa Kiingereza kwamba kijana yule alitekwa nyara. Mzee alikuwa amesema walimcheka. Kwetu Amu, ndiyo Lamu, kucheka ni kuteka, kama vile macho ni mato na mchanga ni mtanga. Kampuni iliyoitengeneza filamu ile haikuwa na mtu hata mmoja chumbani mwa uhariri aliyelijua hilo, na kwa neno moja tu ukoo mzima ukabebeshwa msiba usiokuwa wake.

Wakati huo nilikuwa kibarua tu, nikilipwa kunukuu maneno ya watu waliorekodiwa. Tangu siku ile nikaamua nitakaa kwenye kiti chenyewe cha mhariri. Mwongozo huu nimeuandika kwa ajili ya kijana wa kwetu, awe wa Mkomani au Langoni, Shela, Siyu au Faza, anayetaka kukaa kwenye kiti hicho. Filamu nyingi zinapigwa hapa: punda, mashua, milango ya nakshi, Maulidi, bandari mpya. Nyingi hukatwa mbali na hapa, na watu wanaosikia sauti zetu kama muziki wa nyuma.

Ijue kazi yenyewe

Wengi hudhani mhariri ni mtu wa kupunguza. Anaondoa palipoharibika, anaunganisha palipobaki, anatia wimbo. Katika filamu ya kuigiza kuna hadithi iliyoandikwa kabla kamera haijawashwa, na mhariri ana karatasi ya kufuata. Katika filamu ya hali halisi, hizi tunazozoea kuziita makala, karatasi hiyo haipo. Unaletewa saa 60, saa 100, pengine zaidi, za watu wakila, wakingoja boti, wakigombana, wakinyamaza. Humo ndimo unamoitafuta filamu. Mhariri ni mwandishi ambaye maneno yake yote yameshasemwa na watu wengine, na kazi yake ni kuyapanga bila kuyasaliti.

Basi jipime kabla hujanunua chochote. Chukua simu, mrekodi bibi yako kwa saa moja akieleza jambo analolijua vizuri, halafu sikiliza saa hiyo yote mara tatu katika siku tatu. Kama mara ya tatu bado unasikia kitu kipya, pale alipovuta pumzi, pale alipobadilisha jina la mtu, pale alipokwepa swali, una sikio la kazi hii. Kama mara ya pili ulishindwa kumaliza, huenda kamera inakufaa zaidi, na hakuna ubaya wowote.

Vifaa: anza na vichache, uvilinde na chumvi

Kompyuta yenye RAM ya GB 16 na diski ya ndani ya SSD inatosha kuanzia. GB 32 ni bora, lakini usikae miaka miwili ukizingoja. Programu ya DaVinci Resolve ina toleo la bure ambalo lina nafasi ya kukata, kurekebisha rangi na kuchanganya sauti, na hukuruhusu kutoa filamu hadi ukubwa wa 3840 kwa 2160. Kwa mwanafunzi hilo ni zaidi ya analohitaji. Baadaye utakutana na Adobe Premiere Pro, inayolipiwa kila mwezi, na Avid Media Composer, inayopendwa na nyumba kubwa za uhariri. Ukishaijua programu moja kwa undani, ya pili utajifunza kwa wiki chache, kwa sababu fikra ni ileile.

Cha kwanza kununua baada ya kompyuta ni hedifoni nzuri zinazofunika masikio. Usianze na skrini kubwa. Mtazamaji husamehe picha yenye giza, ila akikosa kusikia anachoambiwa, anainuka.

Diski zinahitaji hesabu. Kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde hula takriban GB 45 kwa saa. Saa 60 ni TB 2.7. Nawe hutaweka nakala moja. Utaweka tatu, kwa hiyo unazungumzia zaidi ya TB 8. Mwambie mtayarishaji hivyo siku ya kwanza, kabla hajaandika bajeti, ili diski zitoke mfukoni mwake. Nimeona vijana wakinunua diski kwa pesa zao za chakula ili wampendeze mgeni. Usifanye hivyo.

Hewa yetu ina chumvi na kuta zetu za mawe hushika unyevu. Diski usiiweke kwenye kidaka wala usiiegemeze ukutani, hata kama papo ndipo panapovutia. Weka kwenye kasha la plastiki linalofungika vizuri, pamoja na vile vipakiti vya kukausha unyevu vinavyokuja ndani ya viatu vipya. Na stima ikikatika huku diski ikiandika, faili zinaweza kuharibika zote, kwa hiyo UPS ndogo, yaani betri ya akiba ya kompyuta, ni lazima. Haikupi saa nyingi. Inakupa dakika za kuhifadhi kazi na kuzima kwa utaratibu, na hizo ndizo unazozihitaji.

Dakika tatu za kwanza

Huhitaji kungoja mtu akupe kazi. Nenda Matondoni kwa fundi wa mashua, au kaa na mama anayepika mkate wa mofa alfajiri, au ukipata ruhusa mfuate kijana mwenye punda wa mizigo kutoka gatini hadi juu mtaani. Rekodi kwa simu. Weka simu kwenye fremu, yaani picha moja moja, 25 kwa sekunde kama ina uwezo huo, kwa sababu umeme wetu ni wa hezi 50 na taa za nyumbani huleta mawimbi kwenye picha ukirekodi kwa 30. Jua pia kwamba simu nyingi hubadilisha idadi ya fremu zenyewe wakati wa kurekodi. Matokeo yake sauti huanza sawa na midomo, na baada ya dakika kumi imeachana nayo. Kabla ya kukata, geuza faili hizo ziwe na idadi moja isiyobadilika, kwa programu ya bure kama HandBrake.

Kisha kata dakika tatu, na uzikate mara tatu. Mara ya kwanza, bila muziki na bila mtu kuzungumza: je, mtazamaji anaelewa kinachofanyika kwa mikono na sauti za kazi peke yake? Mara ya pili, ongoza kwa maneno ya mhusika. Mara ya tatu, anza na kile kilichokuwa mwisho. Miaka kama 100 iliyopita Mrusi Lev Kuleshov aliuweka uso uleule wa mwigizaji kando ya sahani ya supu, kisha kando ya jeneza, na watazamaji wakaona njaa kwenye uso ule, kisha wakaona huzuni. Ukimweka fundi akitazama ubao, halafu bahari, utamwona anawaza safari. Ukiweka ubao, halafu mwanawe anayechezea simu, utamwona anahofia ufundi utakufa naye. Uso ni uleule. Hapo ndipo utakapohisi uzito wa kazi hii, maana fundi mwenyewe huenda alikuwa anawaza chai.

Kuna mambo ambayo mhariri wa hapa huyaona na wa mbali hayaoni. Maji ni mojawapo. Ukionyesha watu wakishuka kwenye boti maji yakiwa yamejaa hadi ngazini, kisha picha inayofuata ya "dakika moja baadaye" ina vyombo vimelala kwenye matope, Lamu nzima itajua umeunganisha saa sita tofauti. Tanga nalo husema: upepo wa kaskazi na wa kusi hauji mwezi mmoja, na nahodha yeyote atakuuliza chombo chako kinasafiri mwezi gani. Adhana ndiyo ngumu kuliko zote. Ikiwa inasikika nyuma ya mtu anayezungumza, kila ukikata sentensi yake unaikata adhana pia, na masikio ya watu wetu yatashtuka kabla ya macho. Zaidi ya ufundi, ni adabu: adhana haikatwi katikati ili kumpisha mtu aongee bei ya samaki. Waombe wanaorekodi wasimame hadi iishe. Kama wamesharekodi, tafuta pa kuiacha ifike mwisho.

Kupokea mali na kuihifadhi

Kazi yako ya kwanza ya kulipwa huenda ikawa ya mhariri msaidizi, na humo hakuna urembo. Kadi inatoka kwenye kamera, unainakili, unahakikisha, unaandika. Utajulikana kwa uaminifu wako hapa kabla hujajulikana kwa kipaji.

Nakili kwa programu inayolinganisha faili ya asili na nakala yake herufi kwa herufi. Resolve yenyewe ina sehemu ya kufanya hivyo. Usiburute faili kwa mkono ukaamini. Weka nakala tatu, kwenye vyombo vya aina mbili, na moja iwe mahali pengine kabisa. Mimi hulala na moja, ya pili iko kwa mwongozaji, na ya tatu huvuka maji hadi bara kwa mtu ninayemwamini. Moto, mvua na mwizi haviji nyumba tatu kwa siku moja. Kadi haifutwi hadi nakala zote tatu zimefunguliwa na kutazamwa mwanzo, katikati na mwisho.

Folda zipe majina yanayojipanga yenyewe: mwaka, mwezi, siku, mahali, kamera, kadi. Kwa mfano, 2025-11-03_Matondoni_KameraA_Kadi02. Usiandike "Mpya", wala "Mpya ya mwisho". Kisha tengeneza nakala nyepesi za picha zote, zenye ukubwa mdogo, ili laptopu yako ya kawaida ikate bila kukwama. Mwishoni programu itarejea kwenye faili nzito za asili. Mwisho, unganisha sauti ya maikrofoni na picha ya kamera. Kama walipiga kofi au ubao mbele ya kamera, tafuta mlio ule na fremu ambayo mikono inakutana. Kama hawakupiga, programu inaweza kulinganisha mawimbi ya sauti, ila hakikisha kwa macho kwenye midomo.

Nukuu: mlango wako wa kuingilia

Hapa nitakaa, kwa sababu hapa ndipo mtu wa Lamu ana kitu ambacho mhariri wa Nairobi au London hana.

Kila neno lililosemwa kwenye picha linapaswa kuandikwa pamoja na alama ya muda, yaani saa, dakika, sekunde na fremu. Mimi huandika safu tatu. Ya kwanza ni maneno kama yalivyotamkwa, Kiamu kikiwa Kiamu, Kitikuu kikiwa Kitikuu, pamoja na vikohozi na "aah" na kimya: andika "kimya, sekunde 6", maana kimya hicho huenda kikawa tukio zuri kuliko yote. Ya pili ni Kiswahili sanifu. Ya tatu ni Kiingereza, kama mwongozaji hajui Kiswahili. Usiruke safu ya kwanza ili kuokoa muda. Mtu anayetoka moja kwa moja kwenye sauti hadi Kiingereza ndiye aliyemteka nyara kijana wa Matondoni.

Mashine za kunukuu siku hizi zinafanya Kiswahili sanifu kwa kiasi. Zijaribu, zitakuondolea kazi ya kuandika. Lakini zipe mtu anayesema "ndoo" akimaanisha njoo, na zitaandika ndoo ya maji. Zipe "ndaa", ambayo ni njaa, "ndia", ambayo ni njia, "nti", ambayo ni nchi, na uone. Na zaidi ya maneno kuna mafumbo. Watu wetu wamelelewa kwenye mashairi, jambo zito halisemwi waziwazi. Mama akiulizwa kuhusu ndoa yake akajibu kwa methali na kutabasamu, amejibu, na jibu lake pengine ni kali. Hapo ongeza safu ya nne, ya maelezo, umwandikie mwongozaji alichomaanisha na kwa nini hakukisema. Safu hiyo ndiyo iliyonipandisha kutoka mnukuzi hadi kuketi kando ya mhariri, kwa sababu baada ya wiki mbili mwongozaji akaona hawezi kuchagua kipande bila kuniuliza.

Toza kwa dakika ya kilichorekodiwa, usitoze kwa siku. Saa moja ya mazungumzo ya wazee watatu wanaokatizana huweza kukuchukua siku nzima kuinukuu na kuitafsiri.

Neno kwa dada zangu. Nyenzo za upande wa wanawake, kama usiku wa kupamba, hupigwa na mwanamke na hutazamwa na wanawake tu, na bibi harusi ana haki ya kujua ni macho ya nani yatakayomwona wazi kabla haijaamuliwa nini kionekane. Wahariri wanawake wa Pwani ni wachache. Ukijifunza kazi hii vizuri utaaminiwa na familia ambazo hakuna mwingine zitakayemfungulia mlango.

Tazama vyote, kisha ujenge

Kabla ya kukata hata fremu moja, tazama kila kitu, kwa mpangilio kilivyopigwa, mara moja, daftari mkononi. Utakuwa mtazamaji wa kwanza mara moja tu katika maisha ya filamu hiyo. Pale ulipocheka, ulipochoka, uliposogea karibu na skrini, andika alama ya muda. Miezi minne baadaye, ukiwa umekiona kipande mara 200 na hukihisi tena, daftari hilo litakukumbusha kwamba siku ya kwanza kilikutoa machozi.

Kisha vuta vipande bora kutoka kila siku ya kupiga picha, uvitenge. Kutoka hapo jenga matukio, kila tukio peke yake, bila kujali litakaa wapi. Tukio lina mwanzo na kitu kinachobadilika ndani yake. Fundi anapigilia msumari: hiyo ni picha. Fundi anapigilia msumari, ubao unapasuka, anakaa chini kimya, kisha anamtuma mwanawe kuleta mwingine: hilo ni tukio. Ukiwa na matukio 25 au 30, andika kila moja kwenye kadi ya karatasi na uyabandike ukutani. Yasogeze kwa mkono. Mwili hufikiri tofauti ukiwa umesimama.

Uliza swali moja linaloibeba filamu, swali ambalo mtazamaji hawezi kulijibu hadi mwisho. Je, mashua itashuka majini kabla pesa hazijaisha? Je, wavuvi watabaki na maeneo yao ya kuvulia baada ya bandari mpya ya Lamu, ya mradi wa LAPSSET, ambayo gati lake la kwanza lilianza kazi Mei 2021? Kadi isiyogusa swali hilo kwa namna yoyote ishushe, hata kama ina machweo mazuri. Hasa kama ina machweo mazuri. Lamu ina jua la kuzama kila jioni na kila mpiga picha amelipiga.

Sasa jambo zito. Una uwezo wa kukata nusu ya sentensi ya Jumatatu ukaiunga na nusu ya Alhamisi, ukafunika kiungo kwa picha ya bahari, na mtu akasema asichokisema. Wahariri hufupisha sentensi kila siku, na hilo ni la kawaida: kuondoa kurudiarudia, kuondoa "yaani" kumi. Kipimo changu ni hiki: nikimchezea mhusika kipande hicho akiwa amezungukwa na wanawe, atasema "naam, ndivyo nilivyosema"? Kama nina shaka, naurudisha urefu wake. Pia acha watu wapumue. Wazee wetu huanza jibu kwa kimya. Mhariri mwenye haraka hukata kimya hicho, na mzee mwenye hekima anatokea kama mtu aliyekariri.

Mkato wa kwanza utakuwa mrefu mno, pengine saa tatu kwa filamu ya saa moja, na utakuvunja moyo. Hali hiyo humpata kila mhariri. Rudi kwenye ukuta wa kadi.

Barazani na mbele ya mwongozaji

Mkato unapoanza kusimama, na mwongozaji akikuruhusu, waonyeshe watu watano wasiohusika. Mimi huwaalika barazani baada ya Isha, skrini mbele, nami nakaa pembeni nikiwatazama wao. Watu wa Lamu ni wapole, hawatamwambia mwenyeji wao kwamba amewachosha. Miili yao itasema. Wakichukua simu wawili kwa pamoja kwenye dakika ya 18, kuna tatizo, na mara nyingi tatizo liko dakika ya 14, pale walipopotea. Waulize maswali ya kueleza: "Yule mama ni nani kwake? Kwa nini aliondoka?" Ukiwauliza kama wameipenda, watasema maashallah, na hutajifunza kitu.

Na mwongozaji, sikiliza tatizo analolitaja, halafu pima mwenyewe dawa anayoipendekeza. Akisema "ongeza muziki hapa," mara nyingi amehisi ubaridi, na ubaridi huo unatokana na tukio lililotangulia. Fanya anavyotaka kwanza, mwonyeshe, kisha mwonyeshe na lako. Kila mkato upewe namba na tarehe, wala usifute wa zamani. Siku moja atasema ule wa mwezi wa tatu ulikuwa bora, na huenda yuko sahihi.

Kumalizia

Mkifika mahali hamsogezi tena fremu, mnafunga picha. Kuanzia hapo kazi ya sauti na rangi huanza, na kila badiliko baada ya hapo ni gharama. Kwa televisheni nyingi zinazofuata kipimo cha Ulaya, sauti huwekwa kwenye wastani wa LUFS -23 (LUFS ni kipimo cha ukubwa wa sauti). Kituo au tamasha litakupa masharti yake kwa maandishi, yasome yote. Maandishi ya chini yasizidi mistari miwili, kila mmoja herufi kama 42, na yakae muda wa kutosha msomaji wa polepole ayamalize. Soma kwa sauti huku yanapita. Kisha umtafute mtu mwingine wa Amu, asiyeijua filamu, ayalinganishe na masikio yake.

Kazi, mkataba na malipo

Usingoje tangazo la kazi. Watengenezaji wa filamu huja Lamu kwa misimu: Maulidi katika mwezi wa Mfungo Sita, tamasha la utamaduni mwishoni mwa mwaka, na miezi ya upepo mzuri. Huhitaji mtu wa kutafsiri, wa kubeba, wa kunakili kadi usiku. Jitoe kwa kazi ya kadi na nukuu, maana hiyo inakuweka karibu na meza ya uhariri. Uwe na vipande vitatu vifupi vya kuonyesha, kila kimoja chini ya dakika tano, na usiweke cha nne kilicho dhaifu. Nairobi kuna Docubox, mfuko unaosaidia filamu za hali halisi za Afrika Mashariki. Fuatilia wito wao wa mafunzo na ruzuku. Na usidhani kiti cha mhariri hakionekani: mwaka 2020 filamu ya Mkenya Sam Soko, Softie, ilipewa tuzo maalum ya majaji kwa uhariri katika tamasha la Sundance, Marekani.

Mkataba uandikwe hata kama mwongozaji ni shemeji yako. Uonyeshe wiki ngapi, malipo kwa wiki, mikato mingapi imo ndani ya bei, jina lako litaandikwaje kwenye filamu, na nani anamiliki diski. Omba theluthi kabla ya kuanza, theluthi ya pili baada ya mkato wa kwanza, na iliyobaki kabla ya kukabidhi faili ya mwisho yenye ubora kamili. Niliwahi kukabidhi kila kitu kwa imani, na nikasubiri miezi saba. Chukua PIN ya KRA mapema. Mteja wa Kenya hukata kodi ya zuio ya asilimia 5 kwenye ada ya kitaalamu ya mkazi na kukupa cheti, nawe kitunze kwa ajili ya marejesho yako ya mwaka.

Ruhusa za kisheria ni mzigo wa mtayarishaji, lakini ziombe nakala. Fomu za ridhaa za wahusika, hasa watoto, kwa sababu Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inagusa sura na sauti za watu. Ruhusa ya Makumbusho ya Kitaifa kwa picha za ndani ya Ngome. Haki ya kila wimbo, pamoja na kasida na taarabu zilizorekodiwa zamani. Na kabla ya kuonyeshwa hadharani nchini, filamu hupitia KFCB, bodi ya Kenya ya kuainisha filamu, iainishwe. Nyenzo zisizo na karatasi ziwekee alama nyekundu tangu mwanzo, usije ukajenga kilele cha filamu juu ya wimbo usioweza kulipiwa.

Intaneti yetu haitoshi kupeleka TB mbili. Nakala nyepesi na mikato ya kutazama hutumwa mtandaoni usiku; nyenzo nzito husafiri kwenye diski, boti hadi Mokowe, kisha basi. Ifungie kwenye povu, andika namba mbili za simu, na usiitume pamoja na nakala yake safari moja.

Kuirudisha filamu ilikotoka

Weka kwenye mkataba, au kwenye ahadi yako mwenyewe, kwamba waliopigwa picha wataitazama. Kijijini wataiangalia kwenye TV yenye tundu la flashi, kwa hiyo tengeneza nakala maalum: MP4 ya muundo wa H.264, ukubwa wa 1920 kwa 1080, fremu 25, maandishi ya Kiswahili yakiwa yamechomwa kwenye picha. TV nyingi za zamani husoma flashi iliyoandaliwa kwa mfumo wa FAT32 tu, na mfumo huo haupokei faili moja inayozidi GB 4. Filamu ya saa moja na nusu kwa megabiti 5 kwa sekunde hukaa chini ya hapo. Beba flashi mbili, kebo ya HDMI na spika ya kuongeza sauti, na uijaribu kwenye TV ya jirani mwanzo hadi mwisho kabla hujapanda boti ya Matondoni.